Changarawe ya Njia: Kuikadiria Kabla ya Kuinunua

(Maneno yaliyosemwa mbele ya baraza la wazee na waalimu)

Nimeombwa niseme habari ya changarawe ya njia, yaani jinsi ya kujua ni kiasi gani kitakachotosha kabla fedha haijatoka mfukoni. Jambo hili huonekana dogo, na kwa sababu hiyo watu hulikisia kwa macho. Mwenye lori huulizwa, "Safari ngapi zitatosha?" naye hujibu neno lililo jema kwake. Lakini fedha ile imechangwa nyumba kwa nyumba, na wako waliouza kuku ili waitoe. Tena masika yakifika kabla njia haijaisha, mama mwenye uchungu wa kuzaa atachukuliwa kwa machela katika tope, na gari la wagonjwa litamngoja barabara kuu.

Basi na tuchukue njia moja tuifanyie hesabu. Tuseme yatoka barabara kuu kwenda zahanati, urefu wake mita 240, upana mita 3 na nusu, nasi twataka changarawe iliyokwisha shindiliwa iwe na unene wa sentimita 10. Hapa pana mtego mmoja. Urefu na upana hutajwa kwa mita, unene hutajwa kwa sentimita, na mtu akizidisha vivyo hivyo hupata hesabu ya kuchekesha. Sentimita 10 ni sehemu ya kumi ya mita, ndiyo 0.1. Basi 240 mara 3.5 ni 840, nazo ni mita za mraba; 840 mara 0.1 ni 84, nazo ni mita za ujazo.

Kwa wale wasioizoea mita ya ujazo, ni kama sanduku ambalo kila upande wake ni mita moja. Ndani yake huingia madebe 55 hivi ya lita 18, au mapipa 5 ya lita 200.

Je, tuagize mita 84? La. Changarawe iliyomwagwa karibuni ina nafasi nyingi kati ya mawe yake. Kina mama walijua jambo hili kabla ya makarani: unga ukitiwa katika kibaba na kibaba kikatikiswa, unga hushuka, na muuzaji hulazimika kuongeza. Moramu, ile changarawe nyekundu yenye udongo, ikishindiliwa vema hushuka karibu sehemu moja katika tano. Kwa hiyo ili tubakiwe na 84 hatuna budi kuongeza robo yake, ndiyo 21, jumla mita za ujazo 105. Kokoto za mawe yaliyopondwa hazishuki sana. Kwa hizo huongezwa kama sehemu moja ya kumi tu.

Sasa tuje kwa lori, maana hapo ndipo fedha nyingi hupotea. Usiulize jina la lori wala tani zake. Chukua futikamba, upime sanduku lake kwa ndani. Tuseme urefu ni mita 3.8, upana 2.2, na kina sentimita 60. Zidisha, utapata mita za ujazo 5. Gawanya 105 kwa 5, nazo ni safari 21. Hiyo ndiyo hesabu ya kwenda nayo kwa mwenye lori, naye akisema 30, au akisema 15 kwa kutaka kuwapendeza, mtajua la kumjibu.

Nakijua kijiji kimoja, ambacho sitakitaja, walikofanya hesabu hii sawasawa kabisa. Wakaweka mzee mmoja mwaminifu penye njia, na kila lori lilipopita aliweka kijiwe katika kikapu. Vijiwe vikatimia 21, fedha ikalipwa. Lakini changarawe haikufika zahanati. Mzee alikuwa ameihesabu idadi ya safari, na hapana mtu aliyepanda kutazama ndani ya sanduku. Kila mzigo ulikuwa umepungua chini ya ukingo kwa nusu shibiri, jambo ambalo mtu aliyesimama chini hawezi kuliona. Nusu shibiri katika sanduku lile ni mita nzima ya ujazo. Walipata 84 mahali pa 105, na iliposhindiliwa ikawa 67 na kidogo. Mita 48 za mwisho zikabaki tope, tena mbele ya mlango wenyewe wa zahanati. Ukitaka kuipima hasara hiyo kwa fedha, ni safari 4 na zaidi zilizolipwa bila kuletwa.

Dawa yake ni rahisi, nami naipenda kuliko karatasi zote. Kabla ya lori la kwanza, chomekeni vigingi kando ya njia. Mita 240 zikigawanywa kwa safari 21, kila safari yatosha mita 11 na nusu kasoro kidogo. Lori limwage kila mzigo kwenye kigingi chake, na watu wautandaze mpaka kigingi kifuatacho. Wawe na kijiti kilichotiwa alama penye sentimita 12 na nusu, maana huo ndio unene wa changarawe isiyoshindiliwa utakaoshuka kuwa 10. Mzigo ukiisha kabla ya kigingi, kila mtu ataona, hata mtoto wa shule, na mwenye lori ataambiwa siku ile ile, wala si baada ya mwezi.

Yako mambo mengine yanayoharibu hesabu. Njia zetu hazina upana mmoja. Hupungua penye mwembe na kupanuka penye duka. Pimeni upana kila baada ya mita 20, jumlisheni, mgawanye kwa idadi ya vipimo. Tena yako mabonde. Bonde la urefu wa mita 6, upana mita 3, na kina cha sentimita 20 kwa wastani, lameza mita za ujazo 3.6, na ukiongeza robo yake ni 4.5. Karibu lori zima limekwenda shimoni, na bado njia haijaanza! Mabonde na yahesabiwe mbali, au yajazwe kwanza kwa udongo mgumu ulio karibu, usiolipiwa.

Habari ya tani nitaisema kwa kifupi. Machimbo mengine huuza kwa uzito. Mita moja ya ujazo ya changarawe isiyoshindiliwa ina uzito wa tani 1.5 au 1.6 hivi, na ikinyeshewa huzidi. Kwa hiyo gari lililoruhusiwa kuchukua tani 7 halichukui mita za ujazo 7. Huchukua 4 na kidogo. Anayenunua kwa tani siku ya mvua amenunua maji pia.

Lakini hesabu njema haisaidii kitu ikiwa maji yanalala njiani. Huko Uskoti alizaliwa mwaka 1756 bwana mmoja jina lake John Loudon McAdam, ambaye tangu mwaka 1816 alisimamia barabara za Bristol katika Uingereza. Yeye alifundisha kwamba ardhi yenyewe ndiyo ibebayo uzito wa magari, nayo hubeba vema maadamu ni kavu. Kazi ya mawe ni kuifunika kama paa. Naye alikuwa mtu wa vipimo: jiwe la barabara lisizidi wakia 6, kama gramu 170. Basi chimbeni mifereji pande zote mbili, na udongo wa njia uchongwe uwe na mgongo katikati kabla changarawe haijaletwa. Wako wanaoacha njia sawa kama meza, wakidhani changarawe itafanya mgongo. Hao hununua mgongo kwa fedha, na jembe lingeufanya bure.

Na changarawe yenyewe itazameni. Yafaa iwe na mawe makubwa kwa madogo pamoja na udongo kidogo wa kuyashika. Mchanga mtupu hutawanyika. Udongo mwingi huteleza wakati wa masika. Siku ya kushindilia iwe na unyevu wa kiasi: ifinyange mkononi, na ikishikana bila kukulowesha kiganja, inafaa.

Mwenye kutaka njia ya kuingia nyumbani kwake atumie hesabu hiyo hiyo. Mita 12 kwa 3 kwa 0.1 ni 3.6, pamoja na robo, 4.5. Kwa toroli la lita 60 hizo ni safari 75, basi awaite vijana mapema.

Mwisho, msitandaze yote. Magurudumu na mvua hula changarawe kila mwaka, kwa hiyo agizeni mzigo mmoja zaidi uwekwe chungu kando ya njia kwa kuziba mashimo. Na chungu hicho chaweza kupimwa bila kukibomoa. Zungusha kamba chini yake upate mzingo; zidisha mzingo kwa mzingo, kisha kwa kimo, halafu ugawanye kwa 38. Chungu chenye mzingo wa mita 12 na kimo cha mita 1.3 kina mita za ujazo 5 kasoro kidogo, nao ni mzigo mzima wa lori lile tulilolipima. Mkipata 4, mwiteni mwenye lori kabla hajaondoka.