Fidia ya Ardhi Inayotwaliwa kwa Miradi ya Umma

Sifa zote njema anastahiki Mwenyezi Mungu, na rehema na amani zimfikie Mtume wetu, jamaa zake na sahaba zake. Amma baad.

Ndugu Waislamu, tumeombwa tulizungumze jambo linalozikabili nyumba nyingi za mwambao wetu wa Kenya. Barabara, reli au bandari inapopita, wenye mashamba huambiwa wahame. Na wengi hunung'unika barazani, kisha hutia sahihi karatasi wasiyoisoma. Njia ya sheria ipo, na wanaoifuata ni wachache.

Dini haikukataza ardhi kutwaliwa kwa maslahi ya umma. Imepokewa kwamba Sayyidna Umar alipotaka kuupanua msikiti wa Madina, al-Abbas alikataa kuiachia nyumba yake. Khalifa hakutuma wabomoaji. Walikwenda kwa Ubayy bin Kaab, na hukumu ikawa ya al-Abbas. Baadaye aliitoa nyumba ile kwa hiari yake, lakini haki yake ilithibiti kwanza. Wale wanaowahimiza maskini wasamehe fidia yao kwa ajili ya maendeleo huisimulia hadithi hii kuanzia mwisho. Na Majmaa ya Kimataifa ya Fiqhi, ilipokutana Jeddah mwaka 1988, iliamua kuwa utwaaji usio na maslahi ya umma, au usio na fidia ya haki inayolipwa papo hapo, ni ghasbu.

Katiba ya Kenya ya 2010, Ibara ya 40, nayo yataka fidia ya haki ilipwe kamili na kwa haraka. Tena imefungua mlango wa kulipwa aliyekaa kwa nia njema bila ya hatimiliki. Tulizingatie hili, kwani wangapi kwetu wamezaliwa na kuzeekea juu ya ardhi wasiyo na waraka wake? Wavuvi wa Lamu hawakuwa na hati ya bahari. Shauri juu ya bandari mpya lilifunguliwa mwaka 2012, na mwaka 2018 Mahakama Kuu ya Malindi ikaamuru wavuvi wapatao 4,600 walipwe shilingi bilioni 1.76. Ilichukua miaka sita, na baada ya hukumu pakawa na rufaa na mazungumzo; basi anayeingia njia hii na aingie na subira.

Chini ya Sheria ya Ardhi ya 2012, Tume ya Kitaifa ya Ardhi hutangaza kusudio la kutwaa katika Gazeti Rasmi la Serikali. Zikipita siku 30 au zaidi, huitisha kikao cha kuwasikiliza wenye maslahi, na kila mmoja hutakiwa awe amewasilisha dai lake kwa maandishi kabla ya siku hiyo kupita. Hapa ndipo wengi wetu hupotea: hufika kikaoni na maneno matupu. Dai litaje nyumba, kisima, minazi na miembe kwa idadi, biashara itakayovunjika na gharama ya kuhama. Kanuni za 2017 ziliongeza asilimia 15 juu ya bei ya soko kwa ajili ya usumbufu. Pigeni picha, wekeni nakala, na wala msimkabidhi dalali hati ya asili. Asiyeridhika na kiwango ana jopo maalumu lililoundwa kwa sheria ya 2019, kisha Mahakama ya Mazingira na Ardhi.

Limebaki moja, na ndilo zito. Mashamba mengi yangali kwa jina la babu aliyefariki zamani. Fidia ikija, hapana wa kuipokea kihalali. Ndugu wakubwa hugawana kwa siri, na mabinti, ambao Mwenyezi Mungu mwenyewe amewakadiria fungu lao, husikia habari sokoni. Mirathi ya Waislamu ina Mahakama ya Kadhi. Iendewe sasa, kabla wapima ardhi hawajafika, kwa cheti cha kifo na orodha ya warithi wote, wanaume kwa wanawake. Mwenye notisi mkononi na ailete kwetu baada ya sala ya Alasiri, tuisome pamoja kabla hajatia sahihi chochote.

Wabillahi tawfiq.