SANAMU KATIKA VIWANJA VYA SERIKALI

(Hotuba kwa wanachama wa tawi letu la Machakos)



Mmetuuliza kama sanamu za ukoloni zilizobaki katika viwanja vya Serikali zing'olewe au ziachwe. Sisi twaona si zote za namna moja.

Sanamu ya Lord Delamere iliondolewa Nairobi Uhuru ulipopatikana mwaka 1963, ikapelekwa shamba la jamaa zake huko Soysambu, na barabara yake ikaitwa Kenyatta Avenue. Hapo hatuna ugomvi. Aliyepigania walowezi wapewe nyanda za juu hawezi kusimamishwa katikati ya mji kwa kodi ya walionyang'anywa. Ile ya Malkia Victoria katika bustani ya Jeevanjee iliangushwa mwaka 2015. Hilo hatulisifu, mali ya umma huamuliwa katika mkutano, si kwa nyundo.

Lakini katika Kenyatta Avenue hiyo hiyo iko sanamu nyingine, ya ukumbusho wa Vita vya 1914 hadi 1918. Wako askari, na yuko mpagazi. Wako wasemao nayo iondoke, maana iliwekwa na Waingereza. Ngojeni kwanza! Mpagazi huyo ni nani? Ni mfanyakazi kama sisi. Alichukuliwa kwa nguvu kutoka vijijini, Ukambani na kwingineko, akabebeshwa risasi na unga hadi Tanganyika, kwa mshahara mdogo mno. Waliokufa kwa maradhi na njaa walikuwa wengi kuliko waliopigwa risasi. Mtaa wa Kariokor ulipata jina lake kutokana nao. Ofisa wa Kizungu aliwekewa kaburi lenye jina. Mpagazi hakuandikwa popote. Mwaka 2021 Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola ilikiri kwamba watu wasiopungua 116,000, wengi wao wa Afrika Mashariki na Misri, hawakukumbukwa kwa majina, na pengine hawakukumbukwa kabisa.

Muindi Mbingu, aliyewaongoza Wakamba hadi Nairobi mwaka 1938 kudai ng'ombe wao, akahamishiwa Lamu kwa sababu hiyo, leo ana barabara yenye jina lake. Mpagazi je?

Twataka sanamu hii ibaki, na kando yake ujengwe ukuta wa majina, kwa fedha za Uingereza. Mwanachama mwenye jina la babu yake aliyechukuliwa upagazi alilete kwa katibu wa tawi, pamoja na jina la kijiji, kabla ya mkutano ujao.