Kibarua wa Serikali Mbele ya Mahakama



Nimeombwa nizungumze juu ya vibarua wanaoitumikia serikali: wanaofagia masoko, wanaozoa taka, wanaofyeka kando ya barabara. Wengi huandikwa kwa siku moja, na siku hiyo hurudiwa mwaka baada ya mwaka. Swali lao ni hili: je, mahakama yaweza kuwapa kazi ya kudumu? Jibu lina sehemu mbili, na anayewaeleza moja tu anawapotosha.

Kwanza, sheria haikuwaacha mikono mitupu. Kwa Sheria ya Ajira ya mwaka 2007, kibarua ni mtu anayelipwa mwisho wa siku na asiyeandikwa kwa zaidi ya saa 24 kwa mara moja. Kifungu cha 37 chasema kwamba akifanya kazi mfululizo kwa siku ambazo jumla yake haipungui mwezi 1, au akipewa kazi isiyotarajiwa kwisha kabla ya miezi 3, ukibarua wake umekoma. Huwa mwajiriwa wa mwezi, astahiliye ilani ya maandishi ya siku 28 kabla ya kuachishwa. Akitimiza miezi 2 mfululizo, hustahili masharti ambayo angaliyapata kama hangaliandikwa kibarua tangu mwanzo. Sheria hii yaifunga serikali pia.

Pili, mwajiriwa wa mwezi si lazima awe mtumishi wa kudumu mwenye pensheni. Ibara ya 232 ya Katiba ya 2010 yataka kazi za umma zitolewe kwa ushindani wa haki na kwa ustahili. Hoja hii ni nzito. Bila ushindani, mkubwa angewaingiza jamaa zake kwa mlango wa nyuma kama vibarua, kisha aiombe mahakama iwathibitishe. Sisi tunaopinga upendeleo hatuwezi kuipuuza.

Lakini hoja njema yaweza kutumiwa vibaya. Tazameni India. Tarehe 10 Aprili 2006, majaji 5 wa Mahakama ya Juu waliamua katika kesi ya Umadevi kwamba kibarua hapati haki ya kudumu kwa sababu tu ametumika muda mrefu. Hata hivyo, waliagiza kwamba waliokwisha kutumika miaka 10 au zaidi katika nafasi halali, bila amri ya mahakama, wafikiriwe mara moja tu. Idara nyingi zilishika katazo na kuisahau huruma. Tarehe 20 Desemba 2024, mahakama hiyo hiyo iliamuru wafagiaji na mtunza bustani wa Tume Kuu ya Maji warudishwe kazini na kuthibitishwa. Ilisema kwamba uamuzi wa 2006 haukukusudiwa kuwa silaha ya kuwanyima haki waliotumika miaka mingi katika kazi za lazima.

Funzo ni lipi kwetu? Ushindani ni kinga dhidi ya mlango wa nyuma. Hauwi kisingizio cha mwajiri kula jasho la mtu miaka 15 akimwita wa leo tu. Kazi ya kila siku si kazi ya muda. Serikali na izitangaze nafasi hizo hadharani, na miaka ya kibarua ihesabiwe kuwa ujuzi.

Nanyi mnaoishi na watu hawa, wafundisheni. Mali bila daftari hupotea bila habari. Kila kibarua aandike tarehe alizofanya kazi, ahifadhi vyeti vya malipo na ujumbe wa fedha za simu, na ajue majina ya wasimamizi wake. Asikawie: madai ya ajira hupitwa na wakati baada ya miaka 3. Waende pamoja, kwa chama chao cha wafanyakazi, wala si mmoja mmoja.

Mahakama yaweza kufungua mlango. Lakini haimfungulii asiyebisha, wala haimwamini asiye na ushahidi.