Amri ya Korti ni ya Kutiiwa
(Hotuba iliyosomwa mbele ya Mkutano Mkuu wa Mwaka)



Mwaka huu hatukuwa na jambo zito kuliko lile la kiwanja cha chama. Jirani yetu alikwenda kortini, na hakimu akatoa zuio la muda: tusijenge hata kesi isikilizwe. Kuta zimefika usawa wa madirisha, na saruji inaganda ghalani. Baadhi yetu wamesema, "Amri hii ilipatikana kwa uongo, na tujenge usiku." Ndiyo sababu Kamati imeona vema kulieleza jambo hili.

Kwanza, mtu hajichagulii amri ya kutii. Huko Uingereza, katika kesi ya Hadkinson ya mwaka 1952, mama mmoja alimpeleka mwanawe Australia bila idhini ya korti. Alipotaka rufani yake isikilizwe, majaji walikataa mpaka kwanza amrudishe mtoto. Walishika kwamba amri hufuatwa hata na yule aionaye kuwa na kasoro, mpaka korti yenyewe iitangue. Korti za Kenya zimeifuata kanuni hiyo mara nyingi.

Pili, cheo si kinga. Mwezi wa Septemba 2024, Jaji Lawrence Mugambi wa Mahakama Kuu alimhukumu Kaimu Inspekta Jenerali wa Polisi, Bwana Gilbert Masengeli, kifungo cha miezi sita, kwa kuwa aliitwa mara kwa mara kueleza habari za watu watatu waliotoweka Kitengela, naye asifike. Alipewa siku saba. Akafika, akaomba radhi, na adhabu ikaondolewa. Ikiwa mkuu wa polisi alilazimika kwenda, sisi ni nani?

Tatu, tusiogope bure. Mwenye kutushtaki hana budi kuonyesha kwamba amri ilikuwa wazi, kwamba tuliijua, na kwamba tuliivunja kwa makusudi. Tangu kesi ya Mutitika ya mwaka 1985, ushahidi wake lazima uwe mzito kupita ule wa madai ya kawaida. Lakini ukithibitika, mali yaweza kukamatwa, na mtu kufungwa hadi miezi sita. Nacho chama hakina mwili wa kutiwa gerezani. Watakaokwenda ni viongozi mliowachagua kwa mikono yenu.

Njia iliyo wazi ni kuiomba korti, kwa hati ya kiapo, iliondoe au ilibadili zuio lile. Tena sheria yasema kwamba kesi isipokwisha katika miezi kumi na miwili, zuio hukoma, ila korti ikiamua vingine. Jambo hilo wakili ndiye wa kulithibitisha, wala si mtu kujihesabia siku nyumbani.

Kwa hiyo twawasihi: mwiko na uwekwe chini. Mtaka cha mvunguni sharti ainame. Tukienda kudai haki yetu, tuingie kortini na mikono safi.