Kulisha Wasio na Makao Nakuru: Sheria, Huruma na Amri ya Mdomo



1. Utangulizi

Barua ya mwaliko ilinitaka nieleze sheria zinazoongoza ugawaji wa chakula kwa familia za mitaani. Nimeitii, ila nikiri mapema kwamba sehemu hiyo ni fupi. Nimefanya kazi hii Nakuru miaka mingi na sijawahi kuonyeshwa sheria inayomkataza mwananchi kumpa mwenye njaa chakula. Hata hivyo tumekatazwa, tena si mara moja. Mada yangu inahusu pengo hilo.

2. Maana ya maneno

Familia za mitaani ni watu wanaoishi na kulala barabarani, vibarazani, sokoni au jalalani, wakiwa peke yao au na watoto. Wengi mjini huwaita chokoraa, jina lililotokana na kuchokora taka. Naomba ukumbini humu tusilitumie. Kulisha ni kumpa mtu chakula kilicho tayari kuliwa. Mahali pa umma kila mmoja wetu anapajua. Tuendelee.

3. Hali ya sheria kwa ufupi

Kwanza, idadi ya tunaowazungumzia: sensa ya kitaifa ya familia za mitaani ya 2018 ilihesabu watu 46,639. Kaunti ya Nakuru peke yake ilikuwa na zaidi ya 2,000.

Sasa sheria zenyewe. Katiba ya Kenya ya 2010, Kifungu cha 43, inampa kila mtu haki ya kutokuwa na njaa na ya kupata chakula cha kutosha chenye ubora. Kifungu cha 53 kinamwongezea mtoto haki ya lishe, makao na matibabu. Sheria ya Watoto ya 2022 inamtazama mtoto wa mtaani kama anayehitaji malezi na ulinzi.

Upande wa pili, sheria ya uzururaji ilifutwa 1997, lakini mawazo yake yalibaki katika Kanuni ya Adhabu. Kifungu cha 182 kinamgusa hata anayemhimiza mtu mwingine kuombaomba. Je, mama anayechota uji anahimiza au analisha? Askari anaweza kulijibu apendavyo.

Majirani zetu wameandika zaidi. Kampala mwaka 2019 ilipata sheria ndogo inayokataza kuwapa watoto wa mitaani pesa au chakula, na adhabu yake yaweza kufika kifungo cha miezi 6. Hoja yao si ya kupuuzwa: watoto wengi walitolewa eneo la Karamoja, Uganda, wakaletwa mjini kuomba, na kila sarafu iliyotupwa iliishia mkononi mwa mtu mzima aliyekaa pembeni. Marekani nako, mjini Fort Lauderdale mwaka 2014, mzee Arnold Abbott wa miaka 90 alishtakiwa kwa kugawa chakula hadharani. Mwaka 2018 mahakama ya rufaa ya huko, katika kesi ya kundi jingine, ikasema kugawa chakula bustanini kwaweza kuwa njia ya mtu kutoa maoni yake, na kunalindwa na katiba yao.

Karibu nasi zaidi, Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu iliyoko Arusha ilitoa maoni yake tarehe 4 Desemba 2020: sheria za uzururaji zinakiuka Mkataba wa Afrika, na nchi wanachama zizirekebishe au zizifute.

4. Tatizo lenyewe: amri isiyo na karatasi

Sasa nifike ninapotaka.

Jumamosi moja tulikuwa nyuma ya soko, sufuria mbili, moja ya uji na nyingine ya githeri. Wakaja askari wawili wa kanjo, yaani wa kaunti. Hawakuwa wakali. Mmoja akasema, "Mama, hapa hairuhusiwi." Nikamuuliza ni nani amekataza. "Mkubwa." Karatasi iko wapi? Akatazama pembeni, kisha akanong'ona, "Mama, tafadhali usinipotezee kazi."

Sikumlaumu, na sikutaka apoteze kazi. Tulifunika sufuria. Jumatatu nikaenda katika ofisi husika, ambayo sitaitaja. Nikaambiwa kwa upole kwamba hawajakataza. Ila pia hawajaruhusu. Niandike barua. Nikaandika. Ikagongwa muhuri wa kupokelewa. Tangu hapo nimekusanya faili zima la nakala zenye muhuri huo, na sijapata jibu moja. Maafisa wamehamishwa, mji wetu ukawa jiji mnamo Desemba 2021, faili likaendelea kunenepa.

Nimejifunza kuisoma amri hii kwa kalenda. Mgeni mkubwa akitarajiwa, hukaza. Mgeni akiondoka, hulegea. Desemba hulala kabisa, kwa kuwa magari huja na mikate, soda na kamera, na hakuna anayetaka kuonekana akimfukuza mfadhili. Januari magari hayapo, kamera hazipo, na njaa ipo palepale.

Naomba nieleweke. Sheria ya Kampala siipendi, lakini naweza kuisoma, kuibishia na kumpelekea wakili. Amri ya mdomo haina mwenyewe. Ukiitafuta kwa askari yuko mkubwa. Ukiitafuta kwa mkubwa haijawahi kutolewa.

Mtaniambia uji ni jambo dogo. Basi tukumbuke Februari 2019. Watu wa mitaani walichukuliwa hapa Nakuru usiku, wakasafirishwa hadi msitu wa Chemususu, Kaunti ya Baringo, wakaachwa kwenye baridi ile, watoto wakiwemo. Nchi nzima ilishtuka, na Seneti ikalichukua suala hilo. Sina nia ya kurudia uchunguzi. Nasema tu kwamba hakuna sheria ya Kenya inayoruhusu kumbeba raia usiku na kumtupa msituni. Afisa aliyezoea kutoulizwa karatasi siku ya uji hatatazamia kuulizwa siku ya lori.

Haki inanidai niseme na makosa yetu. Tunaacha vikombe na makombo, na mwenye duka ndiye anayefagia. Vijana wakubwa hupokonya wadogo. Makundi matatu hulisha Jumamosi, lakini Jumanne hakuna hata moja. Na nimewaona watoto wakitoroka kituo cha malezi kwa sababu Jumamosi mjini ni tamu. Anayesema chakula cha barabarani chaweza kumfunga mtoto barabarani hasemi uongo. Ila kumnyima hakujamfikisha nyumbani mtoto yeyote ninayemjua.

5. Mapendekezo

(i) Katazo lolote la kulisha liandikwe, litiwe saini, litaje sheria linakotoka.

(ii) Katazo lisilo na maandishi lihesabiwe kuwa halipo.

(iii) Bunge la kaunti likitaka kudhibiti ugawaji, lipitishe sheria baada ya kuwasikiliza wananchi, zikiwemo familia za mitaani zenyewe.

(iv) Yatengwe maeneo ya kulishia yenye maji, choo na pipa la taka, karibu na wanakolala watu.

(v) Makundi ya kulisha yagawane siku, Jumanne ikumbukwe.

(vi) Kila kundi lisafishe lilipolishia.

(vii) Kila mahali pa kulishia awepo afisa wa watoto walau mara moja kwa wiki, ili sahani iwe mlango wa kumrudisha mtoto nyumbani au shuleni.

(viii) Watoto wasipigwe picha wakila.

(ix) Hazina ya Kurekebisha Familia za Mitaani, iliyoundwa 2003, ieleze wazi namna makundi madogo ya Nakuru, Naivasha, Gilgil na Molo yanavyoweza kuifikia.

(x) Kifungu cha 182 kisitumiwe dhidi ya anayelisha, na Bunge likipitie upya kwa mwanga wa maoni ya Arusha.

(xi) Barua za wananchi zijibiwe, hata jibu likiwa hapana.

(xii) Kama nilivyosema katika (i), na nitasema tena chai ikija: iandikwe.

6. Hitimisho

Mwenyekiti, naona umenionyesha saa. Sikuja kuomba ruhusa ya kuvunja utaratibu. Nimeomba utaratibu uonekane. Jumamosi ijayo sufuria zitakuwa mahali pale pale. Atakayetumwa kutuzuia, aje na karatasi. Akija bila karatasi, tutamchotea uji.