Umri wa Mnara: Hesabu za Majengo na Mitambo ya Kampuni ya Simu

Wasikilizaji wetu, tuanze na pampu ya kupulizia mikorosho. Katika vijiji vya Masasi na Newala, na hapa Chiungutwa penyewe, hakuna asiyeijua sauti yake wakati salfa inapopeperushwa majanini kuzuia ubwiri unga. Tuseme mtu mmoja amenunua pampu hiyo kwa shilingi laki nane. Huwapulizia jirani zake kwa malipo, na mwisho wa msimu, akiisha kutoa bei ya petroli na ujira wa kijana aibebaye, abakiwa na laki tatu. Asema, "Nimepata faida laki tatu," naye aenda kununua bati. Msimu wa pili vivyo hivyo, na wa tatu vivyo hivyo. Kabla ya msimu wa nne kuanza injini yafa, wala haitengenezeki, na mtu yule hana pampu wala fedha ya kununua nyingine. Ashangaa sana, maana kila mwaka alipata faida.

Lakini tukikaa naye chini na kalamu twaona kwamba kwa misimu mitatu alipokea laki tisa, na pampu ilimgharimu laki nane. Faida yake yote ni laki moja. Zile laki nane zilikuwa ni pampu yenyewe, ambayo alikuwa akiila kidogo kidogo pasipo kujua.

Jambo hilo hilo limo katika kampuni kubwa za simu, ila kwao huhesabiwa kwa mabilioni, na wanaoumia ni wengi. Kwa sababu hiyo tumeona yafaa tueleze jinsi kampuni hizo ziandikavyo majengo na mitambo yao vitabuni.

Mtu akisikia habari za kampuni ya simu hudhani kwamba mali yake ni sauti ipitayo hewani. Sivyo. Mali yake ni chuma, zege, shaba, nyuzi za kioo zilizofukiwa ardhini, betri, jenereta, magari, na nyumba ambamo mitambo hukaa. Vitu hivi huitwa mali ya kudumu, kwa kuwa havikununuliwa ili viuzwe, bali vitumike miaka mingi. Simu za mkononi zilizopangwa dukani zikingoja wanunuzi hazimo katika hesabu hii. Hizo ni bidhaa tu, kama sukari katika duka la mtaani.

Tangu tarehe 1 Julai 2004 Tanzania yafuata kanuni za hesabu za kimataifa, na kanuni ya mali ya kudumu ni ile iitwayo ya 16. Yasema kwamba kitu kiandikwe kwa gharama yote iliyokifikisha mahali pake kikawa tayari kwa kazi. Basi mnara wa Chiungutwa hauandikwi kwa bei ya chuma peke yake. Huongezwa ushuru wa forodha, na gharama ya kuushusha bandarini Mtwara na kuupandisha kwa lori hata huku, na ujira wa mafundi, na msingi wa zege. Lakini matangazo ya biashara hayaingii, wala mafunzo ya wafanyakazi. Na ng'ombe aliyechinjwa siku ya uzinduzi, hata akiwa mnono namna gani, si sehemu ya mnara. Hizo ni gharama za mwaka ule ule. Kadhalika rangi, mafuta ya jenereta, na matengenezo madogo madogo huwa ni gharama za mwaka zilipotumika.

Sasa twafika penye shida. Kitu kimeandikwa, lakini chazeeka. Kila mwaka lazima sehemu ya bei yake itolewe katika mapato, na sehemu hiyo huitwa uchakavu. Ardhi peke yake haitolewi uchakavu, kwa kuwa haichakai. Lakini ni nani ajuaye kwamba mnara utaishi miaka 20 wala si 15? Hakuna. Wakubwa wa kampuni hukadiria, na kwa kukadiria huko faida huongezeka au hupungua.

Tufanye hesabu, na wanafunzi waandike. Nambari hizi ni za mfano tu. Kampuni imetumia shilingi milioni 250: mnara wa chuma na msingi wake milioni 120, jenereta milioni 30, betri milioni 20, na mitambo ya kupokea na kurusha mawimbi milioni 80. Mnara wakadiriwa kudumu miaka 20, jenereta 10, betri 5, mitambo 8. Basi uchakavu wa mwaka mmoja ni milioni 6 kwa mnara, 3 kwa jenereta, 4 kwa betri, na 10 kwa mitambo; jumla milioni 23. Mwaka huo mnara umeingiza milioni 60 katika simu za watu, na mafuta, ulinzi, umeme na kodi ya kiwanja vimekula milioni 40. Zabaki milioni 20. Tukitoa uchakavu wa milioni 23, kampuni imepata hasara ya milioni 3.

Lakini mwandishi mwingine wa hesabu akasema, "Haya yote ni mnara mmoja, nao utasimama miaka 20." Agawanya milioni 250 kwa 20, apata uchakavu wa milioni 12 na nusu. Atoa katika milioni 20, na tazama, kampuni ina faida ya milioni 7 na nusu! Hakuna stakabadhi ya uwongo hata moja. Fedha ni zile zile, mnara ni ule ule, na mafuta yaliyoungua ni yale yale. Lililobadilika ni umri ulioandikwa daftarini. Ndiyo maana kanuni yaamuru kwamba kila sehemu kubwa itengwe na kupewa umri wake, na kwamba makadirio ya umri yatazamwe upya angalau kila mwisho wa mwaka. Betri zikifa katika mwaka wa tatu kwa joto la nchi yetu, haifai daftari kuendelea kudai kwamba zina miaka mitano.

Nani aumia faida ikiandikwa kubwa kuliko ilivyo? Mwaka 2017 kampuni ya Vodacom Tanzania iliuza hisa milioni 560, kila hisa kwa shilingi 850, katika Soko la Hisa la Dar es Salaam, na raia wengi wa kawaida walinunua. Mwenye hisa hungoja gawio, na gawio hutoka katika faida. Katika kampuni yo yote, ikiwa faida iliyogawanywa kumbe ni chuma cha mnara kilichohesabiwa vibaya, basi mwenye hisa amelishwa mali yake mwenyewe kama yule mtu wa pampu, ila yeye hakushika kalamu.

Hapa yafaa tuondoe dhana moja tuliyoisikia mara nyingi kwa wanafunzi wetu. Wao hudhani kwamba kampuni ina sanduku la fedha za uchakavu, na kwamba betri zikifa hulifungua. Hakuna sanduku. Uchakavu ni maandishi. Hauweki hata senti moja mfukoni. Kazi yake ni kuzuia zile milioni 23 zisiitwe faida, wala zisigawanywe kwa jina hilo. Kama fedha yenyewe itakuwapo siku ya kununua betri mpya, hiyo ni kazi ya wenye kuongoza.

Kisa kilicho wazi kuliko vyote twakipata Marekani. Palikuwa na kampuni ya simu iitwayo WorldCom, yenye makao yake katika jimbo la Mississippi. Simu za wateja wake zilipita pia katika nyaya za kampuni nyingine, nayo ililipa ada kwa kupitisha. Ada hiyo ni gharama ya mwaka, haibaki kitu. Mwaka 2001 biashara ilipokuwa mbaya, wakubwa wa hesabu walianza kuichukua ada hiyo na kuiandika katika daftari la mali ya kudumu. Ni kana kwamba mtu amelipa nauli ya basi kwenda Masasi, kisha akaandika kwamba amenunua kipande cha basi. Gharama zikapungua vitabuni, faida ikapanda, na watu wakaendelea kununua hisa. Wakaguzi wa ndani wa kampuni hiyo, wakiongozwa na mwanamke aitwaye Cynthia Cooper, wakauliza swali jepesi: mali hii iliyoandikwa iko wapi, tuione? Haikuonekana. Tarehe 25 Juni 2002 kampuni ikatangaza kwamba dola bilioni 3.8 ziliandikwa pasipo haki, na baadaye jumla ya uwongo ikafika kama bilioni 11. Mwezi Julai mwaka ule ikaomba mahakama ulinzi wa kufilisika. Maelfu ya wafanyakazi wakapoteza kazi, na mkuu wake, Bernard Ebbers, mwaka 2005 akahukumiwa kifungo cha miaka 25.

Swali la wakaguzi wale ndilo kiini cha kazi yao. Daftari likisema jenereta yenye nambari fulani iko mahali fulani, mkaguzi huchagua chache, husafiri, huzishika kwa mkono na kusoma nambari. Asiyesafiri hukagua karatasi tu.

Kuna uzee mwingine usiotokana na kutu. Mwaka 1994 Shirika la Posta na Simu liligawanywa, na kampuni ya simu ya TTCL ikaanza kazi yake, ikirithi nguzo na waya wa shaba uliokuwa umetandazwa nchini. Mwaka ule ule simu ya mkononi ikaanza Tanzania. Shaba haikuoza, lakini katika miaka iliyofuata watu wengi hawakuihitaji tena. Kitu cha namna hiyo hakingojwi mpaka kivunjike. Kanuni yataka kampuni ijiulize: je, tukikitumia au tukikiuza, kitaturudishia kiasi kilichoandikwa? Kama sivyo, thamani yake hushushwa mara moja, na hasara huandikwa mwaka ule.

Watu wa kusini hawahitaji kufundishwa sana jambo hili. Baada ya vita kuu ya pili, Serikali ya Uingereza ilileta jirani yetu Nachingwea matrekta na reli kwa ajili ya mashamba ya karanga. Mwezi Januari 1951 ikakubali kwamba mpango umeshindwa, na yapata pauni milioni 36 zikafutwa vitabuni. Matrekta mengi yalikuwa yangali ya chuma kizima. Reli nayo, iliyojengwa kwa ajili ya karanga, iliondolewa katika miaka ya 1960. Lakini bandari ya Mtwara, iliyotokana na mpango huo huo, yapakia korosho zetu hata leo. Kwa hiyo si kila kitu cha shughuli iliyoshindwa hupoteza thamani, bali kila kimoja hupimwa peke yake.

Thamani hii ya vitabuni huonekana nguvu yake siku ya kuuza. Mwezi Februari 2001 Serikali iliuza asilimia 35 ya hisa za TTCL kwa ushirika wa Detecon ya Ujerumani na MSI ya Uholanzi. Bei iliyotajwa ilikuwa dola milioni 120. Zikalipwa 60 kwanza, na salio likaleta ubishi mrefu, kwa kuwa lilifungamana na hesabu za kampuni zilizokaguliwa. Mwaka 2016 Serikali ikazinunua tena hisa hizo, zilizokuwa zimefika mikononi mwa Airtel, kwa shilingi bilioni 14.9, yaani kama dola milioni 7 kwa fedha ya wakati ule. Hatusemi kwamba tofauti hiyo yote ni ya mitambo. Ushindani na madeni navyo vilikuwamo. Twasema tu kwamba anayeuza bila kuijua mali yake humwachia mnunuzi kutaja bei.

Tumalizie na mwenye kiwanja, maana huenda yumo katika wasikilizaji wetu. Mnara uliosimama shambani kwako huenda si mali ya kampuni ambayo kadi yake imo katika simu yako. Tigo iliuza minara yake kwa Helios Towers mwaka 2010, Vodacom ikafanya hivyo mwaka 2013, na Airtel mwaka 2021 ikakubaliana kuuza kama 1,400 kwa kampuni ya SBA na mwenzake. Sasa hulipa kodi ya kutumia minara iliyokuwa yao. Tangu Januari 2019 kanuni mpya yataka kodi za miaka mingi zisifichwe: haki ya kutumia huandikwa kuwa mali, na kodi zijazo huandikwa kuwa deni. Basi hata mkataba wako wa kiwanja, ukiwa ni wa miaka mingi, umo vitabuni mwao kama deni.

Tena kuna deni la pili ambalo wenye viwanja wengi husahau kuliuliza. Ikiwa mkataba wasema kwamba mwisho wa muda mnara utang'olewa na ardhi kurudishwa kama ilivyokuwa, kampuni yapaswa kuikadiria gharama hiyo tangu siku ya kujenga, iongezwe katika gharama ya mnara, na iandikwe kuwa deni. Neno hilo lisipokuwamo katika mkataba, na lisipoamriwa na sheria au desturi ya kampuni yenyewe, halina sababu ya kuandikwa vitabuni. Kwa hiyo kabla ya kutia sahihi, mwombe kijana anayesoma vizuri akutafutie palipoandikwa nani atavunja ule msingi wa zege, kwa kina gani, na katika muda wa miezi mingapi baada ya mkataba kwisha.