Mashine Iliyotii Mawazo

Asubuhi ya leo nataka tuzungumze juu ya mashine ambayo haikuwapo kamwe. Ilibuniwa na watengenezaji wa sinema wa Marekani, katika filamu ya mwaka 1956 iitwayo Forbidden Planet, maana yake sayari iliyokatazwa. Najua wako ndugu wasiopenda kusikia habari za sinema kabla ya chai. Nivumilieni kidogo. Bwana wetu naye alifundisha kwa hadithi.

Katika sayari ya mbali, iitwayo Altair IV, waliishi zamani viumbe walioitwa Krell. Elimu yao ilipita ya wanadamu. Walikuwa wamekomesha magonjwa, uhalifu na dhuluma. Mwishowe wakajenga chini ya ardhi mashine moja yenye umbo la sanduku, kila upande maili 20, ikiendeshwa na mitambo ya nguvu za atomiki 9,200. Kazi yake ilikuwa kutii mawazo. Mtu akiwaza kitu, mahali popote katika sayari hiyo, kitu kile kinatokea. Hakuna jembe, hakuna nyundo, hakuna jasho. Ni kuwaza tu.

Wakaangamia wote kwa usiku mmoja.

Mashine haikuharibika, la hasha! Ilifanya kazi vizuri mno. Krell walisahau kwamba chini ya mawazo yao mema ya mchana yalikuwamo mengine: chuki, wivu, kisasi, mambo waliyodhani yamekwisha zamani. Wao walipolala, mashine haikulala. Iliyapokea mawazo yale pia, ikayapa meno na makucha.

Miaka mingi baadaye akafika huko msomi mmoja kutoka duniani, Daktari Morbius. Wenzake walipotaka kurudi nyumbani naye hataki, waliuawa na kitu kisichoonekana. Ikapita miaka 20. Ikaja meli nyingine kumchukua, na mauaji yakaanza tena. Morbius alisikitika kweli kweli. Alikuwa mtu mpole, mwenye adabu, baba mwenye kumpenda binti yake. Hakujua kwamba mnyama yule alitoka kwake mwenyewe, na kwamba alitembea wakati yeye amesinzia. Mwisho wa hadithi mnyama anakuja mpaka nyumbani kwa Morbius. Wanajifungia nyuma ya mlango wa chuma kigumu kuliko vyote, nao unageuka mwekundu, kisha mweupe, unaanza kuyeyuka.

Ndugu msikilizaji, nilipofika hapo nilimkumbuka Kaini. Katika Mwanzo sura ya 4, kabla damu haijamwagika, Mungu anazungumza naye kuhusu uso wake uliokunjamana, na kumwonya kwamba dhambi inamvizia, na inamvizia mlangoni. Wakati huo Kaini alikuwa hajafanya neno lo lote. Alikuwa amewaza tu.

Mashine kama ya Krell haipo. Iko ndogo ya kweli, nayo ni ya kumshukuru Mungu. Mwaka 2012 wataalamu wa Marekani walieleza habari za mwanamke aliyepooza mikono na miguu kwa karibu miaka 15. Waliweka katika ubongo wake kidude kidogo kama kidonge cha aspirini, chenye sindano ndogo sana 96. Akawaza kuusogeza mkono, na mkono wa chuma ulio kando yake ukachukua chupa ya kahawa ukamletea mdomoni. Akanywa mwenyewe, bila kunyweshwa na mtu. Kidude kile kilisikiliza nia ya mkono tu. Hakikusoma anamchukia nani.

Sasa tufikirie ile kubwa ikiwekwa nyuma ya kanisa letu Jumapili moja. Tunaimba vizuri, sauti zote nne. Hapa ameketi mzee ambaye jirani yake alisogeza mpaka wa shamba. Pale yuko mama aliyeachwa nje ya kamati ya harambee, na mbele yake tu ameketi yule aliyechukua nafasi yake. Sijui kama paa lingebaki. Tena mchungaji asidhani mashine ingeruka mimbari.

Yesu hakuhitaji mashine ili ajue hayo. Katika Mathayo 5 anaiweka hasira ya moyoni katika hukumu moja na uuaji. Wengi huona ni neno kali kupita kiasi. Morbius asingeliona hivyo, akiutazama mlango ule ukiyeyuka.

Maana kilichomsimamisha mnyama hakikuwa silaha. Bunduki zote zilishindwa. Alisimama pale tu Morbius alipokiri kwamba yule aliye mlangoni ni yeye, akamkataa. Ilimgharimu uhai wake. Kaini, yeye, alionywa na Mungu mwenyewe, akatoka na ndugu yake kwenda shambani.

Kabla hujaenda kazini leo, kuna jina ambalo ukilisikia kifua chako hukaza, ingawa ulikwisha sema umesamehe. Funga mlango. Litaje jina hilo mbele za Mungu, na umwambie Mungu kwanza ungependa mtu yule apatwe na nini. Usipambe maneno. Ombi la kusamehe lifuate baada ya hapo.